Eti Mwenendo Wangu Umefutwa

Walinikamata kwenye foleni ya kliniki, mtoto ana miezi minane, nimeshamvua nguo zote tayari kwa mizani. Askari mwenyewe alivaa kiraia. Aliita majina yangu matatu, yote, kama yalivyo kwenye cheti cha kuzaliwa, na mimi kwa ujinga wangu nikaitika "Abee," nikidhani ni muuguzi mgeni.

"Wewe ndiye mshtakiwa wa tatu?"

Nikamwambia, "Kaka, mimi ni wa nne. Wa tatu ni yule dada mwenye kitenge cha njano."

Foleni nzima ikacheka. Yeye hakucheka. Alifungua karatasi iliyokunjwa mara nne, akanionyesha jina langu na muhuri chini yake.

"Kesi ya karafuu," alisema.

"Kesi ya karafuu iliisha! Watu waliachiwa huru!"

"Waliachiwa wenzako. Wewe hujaachiwa. Mvalishe mtoto, twende."

Naandika haya kwa sababu mpaka leo wapo watu wananiambia nishukuru Mungu yamekwisha. Mungu namshukuru kwa mengine. Kwa hili sina wa kumshukuru, nina wa kuwauliza.

Kwetu ni juu ya Mkuyuni, pale bodaboda inapoishia na miguu inapoanza. Watu wa huko wana mikarafuu, iliki, mdalasini na migomba iliyoshikilia mteremko isianguke. Sisi tusio na mikarafuu, msimu ukifika, tunachuma ya wenzetu kwa kibarua. Karafuu hukatwa mashada kwa mashada, halafu wanawake mnakaa kwenye turubai mnachambua. Unaliviringisha shada kwenye kiganja, karafuu zinadondoka upande huu, vikonyo unavitupa upande ule. Karafuu ina kichwa. Kikonyo hakina, ni kijiti tu. Mtoto wa miaka minne wa kwetu anajua tofauti hiyo kabla hajajua kufunga kamba ya kiatu.

Na jambo jingine ambalo kila mtu anajua: karafuu ni ya mwenye shamba, vikonyo ni vya wachumaji. Hakuna aliyeandika popote. Bibi alichuma akabeba vikonyo vyake, mama akabeba vyake, nasi tukabeba vyetu. Wapo wanunuzi wa mjini wanavichukua kwa ajili ya mafuta. Si kitu kikubwa, lakini ni haki yetu, kama vile mpishi anavyokula ukoko.

Shamba tulilochuma msimu ule lilikuwa limenunuliwa na mtu wa mjini, mgeni wa mambo haya. Baada ya msimu akasema magunia yake mawili ya karafuu kavu yametoweka stoo. Pengine ni kweli yaliibwa, mimi sijui, sikulala stooni kwake. Akapanda na polisi wawili, wakapita nyumba kwa nyumba wananusa. Nasema wananusa kwa sababu ndivyo walivyofanya, pua mbele. Kwa mama mkubwa, yaani dada yake mama aliyenilea, wakakuta gunia moja nyuma ya mlango. Lilikuwa na vikonyo vya watu watatu: vyake, vya jirani yetu, na vyangu. Tulikuwa tunamsubiri mnunuzi.

"Hili ni gunia la nini?"

"Vikonyo, afande," akajibu mama mkubwa.

"Mbona linanuka karafuu?"

Hapo ndipo nilipofungua mdomo wangu. Nikasema, "Sasa linuke nini afande, vitunguu?"

Mama mkubwa anaamini mpaka leo kwamba sentensi ile ndiyo iliyonitia kwenye hati ya mashtaka. Mimi nasema hata ningekaa kimya wangenibeba, maana gunia lilikuwa la watatu na mpelelezi wa kesi alitaka watatu. Jirani yetu aliolewa huku akitokea Gairo, anajua karanga na mahindi, karafuu ameijulia ukubwani. Alilia njia nzima. Mama mkubwa akawa mshtakiwa wa kwanza, jirani wa pili, na mimi, mwenye mimba ya miezi sita, wa tatu.

Tulipata dhamana. Yangu aliisimamia mjomba. Sisi Waluguru mtoto ni wa ukoo wa mama, na ukiharibikiwa wa kusimama mbele za watu ni mjomba wako. Baba mtoto yuko kwenye mashamba ya miwa, anakuja mwisho wa mwezi. Mjomba alivaa koti lake la kanisani, akaweka dole gumba, akasema "Huyu ni wangu." Tukawa tunashuka kila kesi inapotajwa, wiki mbili kwa wiki mbili, upelelezi haujakamilika, rudini tarehe fulani.

Sasa tarehe moja kati ya hizo, mtoto naye akaichagua. Uchungu ulinianza alfajiri, nikafikishwa kituo cha afya, nikajifungua saa nne asubuhi kwa kuchanika. Nilishonwa nyuzi tano. Saa hiyohiyo mjomba alikuwa mahakamani na kijikaratasi cha muuguzi mkononi, kueleza kwa nini sipo. Nilimuuliza baadaye alimpa nani. Akasema, "Mtu mmoja aliyekaa mezani."

"Mtu gani, mjomba? Karani? Mwendesha mashtaka?"

"Mwanangu, alivaa tai. Aliniambia sawa mzee, tumesikia, nenda ukapumzike."

Mjomba si mtu wa kumhoji aliyevaa tai. Karatasi ile haikufika kwenye faili. Faili nimekuja kulisoma mwenyewe, kwa macho yangu haya, na nilichokikuta cha siku ile ni mstari mmoja: mshtakiwa wa tatu hayupo, ameruka dhamana.

Nimeruka! Siku ile mimi nilikuwa siwezi hata kukaa. Nilikuwa nalala ubavu, nakwenda msalani nimeshika ukuta. Yule aliyeandika neno hilo ningependa siku moja ashonwe nyuzi tano mahali pale, halafu anirukie hata karo la maji tumuone.

Basi wakatoa hati nikamatwe, na kesi ikaendelea na wenzangu wawili. Hati yenyewe ikakaa. Mtendaji wa kijiji anaujua mlango wangu, mwenyekiti ananunua vitumbua kwangu, na hakuna aliyekuja kuniambia unatafutwa.

Siku ya hukumu ya wenzangu sikuwepo, lakini mama mkubwa ameisimulia mara nyingi kiasi kwamba naweza kukaa kizimbani badala yake. Upande wa mashtaka walileta kielelezo chao, lile gunia. Hakimu akaamuru lifunguliwe. Akamuuliza mwenye shamba, "Hii ndiyo karafuu yako?" Yule bwana akaingiza mkono, akatoa konzi, akaitazama. Akaingiza tena mpaka kwenye kiwiko. Msimu mmoja wa kumiliki shamba ulikuwa umeshamfundisha, na kwa hilo nampa haki yake, hakudanganya.

"Mheshimiwa, hivi ni vikonyo."

"Na karafuu iko wapi?"

"Karafuu humu haimo."

Ndiyo ushahidi wao ulipoishia. Hakimu akasema hawana kesi ya kujibu, waachiwe huru, na gunia lao warudishiwe. Mama mkubwa akalibeba kichwani kutoka mahakamani mpaka stendi, hakutaka mtu amsaidie. Alipotokeza kwenye kona ya mgomba alikuwa anapiga vigelegele peke yake: "Tumeachiwa! Tumeachiwa huru!"

Lile "tu" ndilo lililonimaliza. Hakimu alisema wameachiwa. Mama mkubwa, kwa kuwa kwake sisi watatu ni kitu kimoja, akasema tumeachiwa. Nami niliyefika kidato cha nne, niliyefundishwa viambishi vya nafsi ubaoni na nikapata B, sikuuliza. Nilichinja kuku. Nilikula paja la kuku huku hati yangu ya kukamatwa imelala kwenye kabati la watu.

Turudi pale kliniki. Ilikuwa Ijumaa. Ijumaa ni siku mbaya ya kukamatwa, muulize yeyote. Nilikaa mahabusu mpaka Jumatatu na mtoto mgongoni, na wanawake wengine watatu ambao walinipa upande wa ukuta usio na unyevu. Walikuwa wema. Sina zaidi la kusema kuhusu siku zile, isipokuwa kwamba mwanangu aliota jino lake la kwanza humo ndani, na mimi ambaye nilipaswa kufurahi nilimtazama nikatamani lirudi lisubiri.

Jumatatu nikapandishwa mbele ya hakimu mwingine, yule wa kwanza alikuwa amehamishwa. Mwendesha mashtaka, kijana mwenye sauti nzuri kweli, akasoma shtaka lilelile: kwamba mimi, pamoja na wenzangu wawili ambao hawapo mahakamani, kwa pamoja tuliiba magunia mawili ya karafuu.

"Wenzangu mmewaachia," nikasema.

"Mshtakiwa, unaulizwa, ni kweli au si kweli?"

"Wenzangu hawakuiba, mmesema wenyewe. Sasa niliiba kwa pamoja na nani?"

"Kweli au si kweli?"

"Si kweli!"

Akaomba nisipewe dhamana kwa kuwa niliwahi kuruka. Mtoto akaanza kulia. Nikatoa ziwa palepale kizimbani nikamnyonyesha, sikumwomba mtu ruhusa. Hakimu alitazama dirishani kidogo, halafu akasema dhamana ipo, mjomba adhamini tena, ila kila Jumatatu niripoti kituo cha polisi mjini nisaini daftari. "Ukikosa hata mara moja," akasema, "dhamana inafutwa, na utasubiri kesi yako ndani. Umeelewa, mama?"

Nilielewa. Maana yake, Jumatatu moja ya homa, Jumatatu moja ya mvua barabara ikikatika, natenganishwa na mtoto anayenyonya au naingia naye tena kwenye ule unyevu. Hilo ndilo lililokuwa linaning'inia juu yangu, si gunia, si karafuu. Kila Jumapili jioni nilikuwa natazama mawingu ya Uluguru kama mtu anayesoma barua ya deni.

Nikaanza kusaini. Naamka, namfunga mtoto, nashuka kwa miguu mpaka bodaboda, bodaboda mpaka Mkuyuni, gari mpaka mjini, naandika jina, narudi. Siku nzima ya mtu kwa ajili ya jina. Na siku ya kesi yenyewe, shahidi hajafika, ahirisha. Shahidi hajafika, ahirisha. Shahidi nani? Yule mwenye shamba! Nikamfuata dukani kwake mjini. Aliponiona akasimama, mtu wa heshima kabisa, akanipa kiti.

"Dada yangu, mimi nilishamaliza. Sikushtaki."

"Sasa nani ananishtaki?"

"Ni Jamhuri."

Nikatoka dukani nikajiuliza, hivi Jamhuri nzima, na bahari yake na mlima wake na mbuga zake, inanitaka mimi na huyu mwenye jino moja?

Aliyenitoa kwenye ujinga ni wakili mmoja mwanamke, kijana kama mimi, anayesaidia watu wasio na uwezo. Muuguzi wa kliniki ndiye aliyenielekeza kwake. Alisoma nakala ya hukumu ya wenzangu, akasoma shtaka langu, akaviweka sambamba kwenye meza.

"Ushahidi ni uleule?"

"Uleule. Na kielelezo hakipo, dada. Tulishakiuza."

Akacheka mpaka akafuta macho. Kisha akasema, "Hii hatuisubiri hapo chini. Tunakwenda Mahakama Kuu kuomba mapitio. Waliitishe faili walisome. Tutaomba wafute mwenendo wako."

Nikasimama. "Mwenendo wangu una nini?"

"Hapana, mama..."

"Mimi sijaiba! Sijaruka popote! Cheti changu cha shule kimeandikwa mwenendo mzuri sana, nikuletee? Sasa nikaombe mahakama ifute mwenendo wangu kwani mimi ni malaya?"

"Kaa, dada yangu. Kaa kwanza. Mwenendo wa kesi. Yale yote yaliyoandikwa na kufanyika tangu wakufungulie, ndiyo yanaitwa mwenendo. Yakifutwa ni kama hayakuwepo. Si tabia yako."

"Si mngetafuta neno jingine?"

"Wenyewe hatukulitunga," akasema.

Nilikaa. Lakini nilijua nikifika nyumbani na neno lile nimekwisha. Na kweli. Mjomba aliitisha watu wa ukoo, akawaeleza vizuri tu, kwa sauti ya kikao, kwamba mtoto wetu anakwenda Mahakama Kuu kufutiwa mwenendo. Bibi yangu, ambaye husikia anachotaka, akauliza, "Mwenendo wake?"

"Ndiyo, mama."

"Mwenendo wa mtu haufutwi. Unarekebishwa. Na huyu tulimwambia mapema, mdomo utamponza."

"Shikamoo bibi," nikasema, maana nilikuwa sijamsalimia na hasira ilikuwa inapanda.

"Marahaba. Kajirekebishe."

Wiki haikuisha, gulioni Mkuyuni wanawake niliosoma nao wananiita kutoka kwenye mafungu ya ndizi: "Shoga, tunasikia huna mwenendo, mpaka wanakutafutia Mahakama Kuu!" Nikawajibu, "Na wenu tutaupelekea kifutio." Nilicheka nao kwa meno tu.

Wakili alihitaji viapo vya wenzangu wawili, waeleze kwamba gunia lilikuwa lilelile moja na kwamba mimi sikuhusishwa na kingine chochote. Mama mkubwa alikubali kabla sijamaliza sentensi. Nikaenda kwa jirani. Nilimkuta anapepeta mahindi. Hakuacha kupepeta.

"Mimi nimeshatoka," akasema. "Usinirudishe."

"Hawawezi kukurudisha. Umeachiwa huru, si umeachiwa tu. Wakili kasema hawawezi kukushtaki mara mbili kwa kitu kilekile."

"Na wewe si ulidhani hawawezi? Si ulichinja na kuku?"

Nikachuchumaa kando ya ungo wake.

"Jirani," nikasema, "vile vikonyo tulichambua turubai moja. Nilikupa vyangu ulipopungukiwa."

"Ndiyo maana nakwambia. Turubai moja ndiyo iliyonipeleka mahakamani. Huku kwenu kila kitu mnachanganya. Kwetu kila mtu na gunia lake."

Nilimtukana. Sitaandika nilichosema, lakini nilisema, na watoto wake walikuwepo. Nilimwambia kwamba yeye ndiye hana mwenendo. Aliendelea kupepeta, pumba zikaja usoni mwangu, na sijui kama alikusudia. Mpaka leo hatusalimiani vizuri. Anapita anasema "Habari," nasema "Nzuri," basi. Nimemkasirikia miezi mingi, na nilikuwa namkasirikia kwa kuwa alikuwa karibu. Wale waliostahili hasira ile wana milango yenye walinzi.

Tukaenda na kiapo kimoja, cha mama mkubwa, na nakala ya hukumu. Mjomba naye akaapa kuhusu ile karatasi ya muuguzi. Muuguzi alikuwa ametunza daftari la wazazi, akatoa nakala: siku ile, saa nne, mtoto wa kiume, nyuzi tano. Nilimpenda muuguzi yule kwa mwandiko wake unaosomeka.

Mahakama Kuu ni mahali safi na baridi, viti havina kelele. Nilivaa gauni la kitenge la ubatizo wa mtoto. Nilikuwa nimepanga maneno. Nilikuwa nimeyafanyia mazoezi wiki nzima nikichota maji, namna nitakavyomwambia Jaji kuhusu unyevu, kuhusu lile jino, kuhusu mjomba kushika kofia mbele ya kila mwenye tai. Kesi yangu ilipoitwa, wakili akazungumza dakika chache. Jaji akamgeukia wakili wa Serikali.

"Mna ushahidi gani dhidi ya huyu ambao haukuwepo dhidi ya wale wawili walioachiwa?"

"Hatuna, Mheshimiwa."

"Kielelezo?"

"Kilirudishwa kwa wenyewe, Mheshimiwa."

"Mnasemaje kuhusu maombi haya?"

"Mheshimiwa Jaji, hatupingi."

Hatupingi! Kama hampingi, mlikuwa mnanishikia nini? Jumatatu zote zile mlikuwa mnashikilia nini? Mtu anakukaba shingo, anaulizwa mbona unamkaba, anasema Mheshimiwa sina sababu, sipingi kumwachia. Na anarekebisha tai, anafungua faili linalofuata.

Nikasimama. "Mheshimiwa, naomba niseme."

Wakili wangu akanivuta gauni. Jaji akanitazama, si kwa ubaya.

"Mama, una wakili. Keti."

Niliketi. Akasema kwamba watu walioshtakiwa kwa kosa moja, kwa pamoja, kwa ushahidi mmoja, hawawezi kuachiwa wawili kwa kukosekana ushahidi na wa tatu akaendelea kufuatwa kwa ushahidi huohuo uliokosekana. Kwamba kutokuwepo kwangu kulikuwa na sababu, na sababu yenyewe anaiona hapo nimeipakata. Watu wakacheka kidogo, kwa adabu. Akafuta mwenendo, akafuta hati. Dakika ishirini, labda pungufu. Nilitegemea mtu aseme pole. Sikutegemea sana, neno moja tu, hata kutoka kwa karani. Karani alisema, "Nakala mfuate wiki ijayo."

Nje, mama mkubwa akainua mikono apige vigelegele. Nikamshika mkono nikamwambia, "Bado. Sitaki kusikia mpaka niwe nimeshika karatasi." Nadhani nilimuumiza. Lakini kuku niliyemchinja mara ya kwanza alinitosha.

Niliipata nakala Alhamisi ya wiki iliyofuata. Jumatatu nikashuka mjini kama kawaida, kituoni, mtoto sasa anasimama kwa kushikilia vitu. Zamuni alikuwepo afande mmoja mnene, mpole, aliyenizoea. Benchi lilikuwa limejaa watu. Akalisukuma daftari na kalamu bila kuniangalia.

"Saini, mama."

"Sisaini."

Akainua kichwa. "Unaumwa?"

Nikaweka karatasi juu ya daftari. Akaivuta, akaanza kuisoma kwa midomo, halafu uso ukamfunguka. "Aah! Mahakama Kuu. Basi hongera, mama, mwenendo wako umefutwa."

Benchi likacheka. Jamaa mmoja aliyekuja kulalamikia pikipiki akasema, "Utaupata mwingine, dada, mitumba ipo."

"Endelea, afande," nikasema. "Hujafika kwenye nukta."

"Nimeelewa, mama."

"Hujaelewa. Soma yote. Kwa sauti. Nilishtakiwa kwa sauti."

Nadhani aliona uso wangu. Akasafisha koo, akasoma kama mtoto wa darasa la tatu, neno kwa neno: mwenendo wote wa kesi ya jinai dhidi ya mshtakiwa wa tatu unafutwa, na hati ya kumkamata inafutwa, na yuko huru. Jamaa wa pikipiki akaacha kucheka. Akasema taratibu, "Kumbe wa kesi."

"Wa kesi," nikasema. "Wangu upo, nimekuja nao."

"Sasa tatizo," afande akasema, "mimi sijapata barua kutoka juu. Hii umeleta wewe. Wiki hii saini tu, tusiwe na..."

"Sisaini."

"Mama, ni jina tu."

"Nikisaini leo nimekubali kwamba bado mmenishika. Sisaini. Kama ni kunifunga, nifunge na karatasi hii mkononi, tutaonana huko juu."

Alikuna shingo. Akasema basi kaa hapo. Nikakaa. Nilikaa kwenye benchi lile tangu saa tatu mpaka saa nane. Nilinyonyesha, nikabadilisha nepi juu ya benchi, mtoto akatembea akishikilia kaunta kutoka mwisho huu mpaka mwisho ule akiyapapasa magoti ya watu. Jamaa wa pikipiki alituletea maandazi. Mara mbili afande alinitazama akitumaini nimechoka. Sikuchoka. Sijawahi kutochoka vile. Saa nane mkuu wake akaingia, akasoma karatasi, akapiga simu, akasema "ndiyo, ndiyo, ndiyo," akakata, akaniambia, "Nenda nyumbani, mama. Imeisha."

"Nifuteni kwenye daftari."

Mkuu akamfanyia afande ishara ya kichwa. Afande akafungua ukurasa wenye jina langu, akachukua kalamu nyekundu, akapiga mstari juu yake.

"Andika tarehe."

Akaandika.

"Na saini yako."

"Yangu?" Akamtazama mkuu wake. Mkuu akawa anasoma tangazo ukutani.

"Yako, afande. Mimi nimesaini Jumatatu kumi na tisa. Wewe saini hiyo moja."

Akasaini. Aliikandamiza kalamu mpaka ikatokea ukurasa wa pili. Nikainama nikaisoma vizuri, herufi kwa herufi, nikamfunga mtoto mgongoni, nikatoka. Sikusema asante.